Naomba ushauri: uasi wa wakulima wa Java, nianzie kwenye dini au kodi?

Wanajamvi, salaam. Naandika tasnifu kuhusu Java, kisiwa cha Indonesia ya leo, chini ya Waholanzi, nimekwama. Julai 1888 wakulima wa Cilegon, Banten (magharibi mwa Java), waliwavamia maofisa wa serikali wakiongozwa na Haji Wasid na wenzake wa tarika (udugu wa Kisufi). Volkano ya Krakatau, karibu na hapo, ilikuwa imelipuka 1883, ng'ombe wamekufa kwa maradhi, kodi nazo kero. Kule Blora, Java ya kati, wafuasi wa mkulima Samin Surosentiko waligoma tu kulipa kodi na kuendelea kukata misaji ya serikali, bila mapanga.

Nimejaribu kueleza yote kwa umaskini. Msimamizi kakataa, na nadhani ana hoja, maana maskini walikuwa kila mahali.

Je, tarika niichukulie kama chanzo, au njia ya kuwaunganisha watu tu? Na Banten na Blora zinaweza kukaa sura moja?