Naombeni ushauri: ninunue kadi ya grafiki ili PCSX2 iache kukwama?

Mwana_Makorora: Ndugu zangu, nawasalimu. PlayStation 2 yangu ilikufa lenzi, na diski zake sasa nazicheza kwa PCSX2, programu inayoiga PlayStation 2, kwenye kompyuta ya mezani yenye kori nne na RAM ya GB 8. Mpira ukianza tu, kasi hushuka hadi asilimia 60, wachezaji hukimbia kama wamo majini na sauti ya mtangazaji hukatikakatika. Je, kadi ya GB 2 itanitoa hapa?

FundiWaya: Taja jina la prosesa, mkuu. Wingi wa kori peke yake hautuambii kitu.

Mzee_wa_Kibanda: Kwanza, BIOS (programu ya msingi ya PlayStation 2) uliitoa kwenye mashine yako mwenyewe? Hilo ndilo la haki. Pili, mimi nilizoea kuhifadhi mchezo kwa kitufe cha F1, kinachonasa hali nzima ya mchezo, badala ya memori kadi, nikasasisha programu, na msimu mzima wa ligi ukakataa kufunguka. Hadi leo inaniuma.

Mwana_Makorora: BIOS niliitoa mapema, kabla mashine haijafa. Prosesa ni Celeron J1900. Hata hivyo, kadi nimeshailipia nusu, na muuzaji amenihakikishia itasaidia.

FundiWaya: Hilo ndilo ungeanza nalo. J1900 ni ya GHz 2 na imechomelewa kwenye bodi, ilhali PCSX2, kwa kuwa inaiga Emotion Engine (EE), prosesa ya PlayStation 2, hutegemea zaidi nguvu ya kori moja kuliko wingi wake. Washa takwimu kwenye skrini uangalie asilimia ya EE (mzigo wa prosesa) na GPU (mzigo wa grafiki); inayokaribia 100 ndiyo inayokukwamisha.

Mwana_Makorora: EE ni 99, GPU 58. Lakini kadi itanifaa nikibadilisha kompyuta.

Bahari_Tulivu: Nina shaka na kisa hiki. Bodi za J1900 nilizofungua hazina nafasi ya kadi ndefu. Huenda mleta uzi ndiye muuzaji mwenyewe. Fungua kasha utueleze unachokiona.

Mwana_Makorora: Sijatunga, ndugu yangu. Nimelifungua sasa hivi: nafasi ipo moja, fupi, haifiki sentimita tatu. Kadi haiingii. Kesho asubuhi nakwenda kudai fedha yangu.

FundiWaya: Ukirudishiwa, tafuta kompyuta ya mezani ya mtumba yenye Core i5 ya kizazi cha nne; michezo mingi itakwenda bila kadi, mradi usiikuze picha. Nakili faili la memori kadi, lile linaloishia na .ps2, kabla hujaiuza hiyo ya sasa.

Mwana_Makorora: Nimeshalinakili kwenye flashi. Ahsanteni.