Je, ni trekta lililoifukuza plau ya ng'ombe?

Mjukuu wa Kimilili anauliza:
Ndugu zangu, babu aliniachia plau ya chuma ya kukokotwa na ng'ombe, nayo imelala kando ya ghala: nira imeliwa na mchwa, ncha imelika, na gurudumu la mbele halizunguki tena. Zamani plau kama hii haikukosekana katika boma lenye ng'ombe, lakini siku hizi hata ya kuazima ni shida. Je, ni trekta lililoifukuza? Na inafaa kuifufua kwa shamba la ekari moja na nusu?

Mwalimu Mstaafu, Webuye:
Trekta linasingiziwa. Plau ilihitaji mtu wa kushika mikono yake, wa kuwaongoza maksai mbele na wa kuwaswaga kwa mjeledi, na mara nyingi hao wawili wa mwisho walikuwa watoto. Karo ya shule za msingi za umma ilipoondolewa mwaka 2003, wengi wao waliingia darasani, jambo ambalo mimi, kwa kazi niliyoifanya, siwezi kulilalamikia. Isitoshe, mashamba yamegawanywa kwa wana na wajukuu hadi malisho yakaisha, na hakuna anayeweza kulisha maksai mwaka mzima kwa ajili ya kazi ya majuma machache. Trekta nalo hukosa mahali pa kugeukia katika vishamba hivi; kwa hiyo wengi waliorithi plau wamerudi kwenye jembe la mkono.

Mama Msagaji, Kakamega:
Kwa plau nakubaliana na Mwalimu, ila kwenye mashine za kusaga chombo kipya ndicho kilichokiua cha zamani. Mradi wa serikali wa kusambaza umeme vijijini ulioanzishwa mwaka 2015 ulipotufikia, mota iliwashwa kwa swichi, na injini ya dizeli ya kuzungushwa kwa mkono ikauzwa kama chuma chakavu. Siikumbuki kwa huzuni. Moshi wake ulituumiza.

Fundi wa Busia:
Mjukuu, usinunue maksai kwa ekari moja na nusu. Huku Busia, hasa Teso, bado wako wanaolima kwa maksai wa kukodi, kwa hiyo ifufue plau uwakodishie wenye ng'ombe. Mafundi wa jua kali hufua ncha mpya kwa springi kuukuu za lori, lakini mpelekee fundi ile ya zamani iwe kipimo, kwa sababu matundu ya bolti hutofautiana.