Vimbunga kusini mwa pwani ya Tanzania: tujihami na upepo, bahari au mvua?

Mkaazi wa Kilwa aliuliza:

Ndugu wanajukwaa, assalaam aleikum. Nina kiwanja Kilwa Masoko, umbali wa mita 80 hivi kutoka pale maji ya bamvua yanapoishia, na nakusudia kujenga nyumba ya kudumu ambayo wazazi wangu watahamia. Wazee wa mtaani wananiambia kwamba vimbunga ni mambo ya Msumbiji na Bukini (Madagaska), na kwamba huku kwetu likishavuma kusi la nguvu, hakuna kikubwa zaidi cha kuogopa. Hata hivyo, Aprili 2019 watu wa Mtwara walitakiwa kujihadhari na Kimbunga Kenneth, Aprili 2021 tukamsubiri Jobo, na Mei 2024 Hidaya akafika hadi Mafia.

Maswali yangu ni mawili. Kwanza, je, hatari hii kwetu ni ya kweli, au tumeanza tu kuisikia zaidi kwa sababu ya simu? Pili, kinachoharibu na kuua zaidi ni upepo, maji ya bahari au mvua? Nauliza hivyo kwa sababu fundi mmoja ananishauri niweke fedha nyingi kwenye paa, na mwingine ananiambia niziweke kwenye msingi, nami sina za kutosha kote kuwili.

---

Mwalimu wa Jiografia alijibu:

Wazee wako hawasemi bila sababu, maana vimbunga vinavyofika Tanzania ni vichache kweli. Kimbunga hujengeka juu ya bahari yenye joto la nyuzi 26.5 hivi au zaidi, lakini joto peke yake halitoshi. Kinahitaji pia ile nguvu itokanayo na dunia kujizungusha, ambayo huufanya upepo uzunguke kitovu badala ya kuingia humo moja kwa moja na kukijaza. Nguvu hiyo hupungua kadiri unavyoikaribia ikweta, na ndani ya nyuzi tano za latitudo huwa hafifu mno. Lamu na Mombasa zimo ndani ya ukanda huo. Kilwa iko karibu nyuzi tisa kusini, na Mtwara imevuka nyuzi kumi. Kinga yetu ya pili ni Bukini, ambayo hupigwa kwanza na vimbunga vingi vinavyotoka mashariki, na vingine hukunja kuelekea kusini kabla ya kutufikia. Njia iliyobaki wazi ni kaskazini mwa kisiwa hicho, na Kenneth, Jobo na Hidaya walipita huko wote watatu.

Vichache, lakini vilikuwepo kabla ya simu. Mwezi Aprili 1872 kimbunga kiliipiga Unguja na kuzamisha meli bandarini, na Aprili 1952 kingine kilitua Lindi na kuua watu. Ukitazama miezi yenyewe, Aprili na mwanzo wa Mei, utaona kwamba ni wakati ambao kaskazi imekwisha, bahari bado ina joto, na masika iko kileleni. Maana yake ni kwamba kimbunga chetu hukuta ardhi imeshalowa na mito imeshajaa.

Kuna jambo jingine ambalo matangazo hayalielezi, nami naona ndilo lenye manufaa zaidi kwa mtu anayejenga. Katika kizio chetu cha kusini, upepo wa kimbunga huzunguka kama mshale wa saa. Kimbunga kinapoijia pwani yetu kutoka mashariki, upande wake wa kusini upepo hutoka baharini kuja nchi kavu, na upande wa kaskazini hutoka nchi kavu kwenda baharini. Kwa hiyo aliye kusini mwa mahali kilipotua husukumiwa bahari na mawingu, ilhali aliye kaskazini hupata nafuu hata kama umbali ni uleule. Kenneth alitua Cabo Delgado, kaskazini mwa Msumbiji, Mtwara ikawa kaskazini yake. Hidaya alipokaribia Mafia, Kilwa na Lindi zilikuwa kusini yake, na ingawa kimbunga chenyewe kilikuwa kinadhoofika, sote tunakumbuka jinsi mafuriko yalivyoikata barabara ya Dar es Salaam hadi Lindi maeneo ya Somanga. Anayesema kwamba Kenneth alithibitisha usalama wa kusini amesahau kutazama ramani.

---

Mngazija wa Dar alijibu:

Nakubaliana na Mwalimu, nami nijibu swali la pili. Katika vimbunga vya ukanda huu, maji huua kuliko upepo, na mara nyingi huwaua watu walio mbali na ufuo.

Chukua Idai, kilichotua karibu na mji wa Beira, Msumbiji, usiku wa kuamkia 15 Machi 2019. Picha zilizosambaa zilikuwa za mji ulioezuliwa mapaa, lakini maafa makubwa yalikuwa kwenye mabonde ya mito Buzi na Pungwe, ambayo yaligeuka ziwa na kuwaacha watu juu ya miti na mapaa kwa siku kadhaa. Huko Chimanimani, Zimbabwe, ambako hakuna bahari kabisa, milima iliporomoka juu ya makazi usiku. Jumla ya waliokufa katika Msumbiji, Zimbabwe na Malawi ilipita 1,000. Kisha kikafuata kipindupindu mjini Beira, na mamia ya maelfu ya watu walilazimika kupewa chanjo. Mashamba nayo yalisombwa yakikaribia kuvunwa, kwa hiyo njaa ilikuja baada ya waandishi wa habari kuondoka.

Wiki sita baadaye, tarehe 24 Aprili, Kenneth kilipita karibu na kaskazini ya Ngazija, kisiwa kikubwa cha Komori, kikaua watu na kuangusha migomba na minazi, na kesho yake kikatua Cabo Delgado. Kabla ya hapo haikuwahi kurekodiwa Msumbiji kupigwa na vimbunga viwili vikali katika msimu mmoja. Kisiwa cha Ibo, ambacho watu wake husema Kimwani, lugha ambayo Mswahili huisikia nusu nzima, kilibakiwa na nyumba chache zilizosimama. Siku zilizofuata mvua iliendelea kuupiga mji wa Pemba (wa Msumbiji, si kisiwa chetu) na kusababisha mafuriko mapya.

Sisemi kwamba upepo si kitu. Kimbunga Chido kilikipiga kisiwa cha Mayotte, kilicho chini ya Ufaransa, tarehe 14 Desemba 2024 kwa upepo uliopita kilomita 200 kwa saa, na vitongoji vya vibanda vya mabati vilifutika mlimani. Tahadhari ilikuwa imetolewa mapema, lakini wakazi wengi wasiokuwa na vibali, baadhi yao ndugu zetu kutoka Komori, walihofia kwamba wakienda kwenye majengo ya kujihifadhi watakamatwa. Mamlaka inaweza kutabiri kimbunga barabara, na bado watu wakafa kwa kukosa mahali wanapoamini kukimbilia.

Bangladesh ndiyo inayonipa matumaini. Mwaka 1970 kimbunga kimoja kiliua huko watu zaidi ya 300,000, wengi kwa bahari iliyoinuka. Baada ya hapo nchi ilijenga majengo ya ghorofa ya kukimbilia na kuwafundisha watu wa kujitolea kupita vijijini na vipaza sauti na bendera. Kimbunga Sidr cha 2007, ambacho kilikuwa kikali mno, kiliua watu elfu chache. Bado ni wengi, lakini nchi ni ileile, bahari ni ileile, na umaskini haukuwa umekwisha.

---

Mwana wa Chake alijibu:

Niongeze kidogo kuhusu 1872, kwa sababu huku Pemba tunaishi na matokeo yake hadi leo. Kimbunga kile kiling'oa sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja, na Pemba ikasalimika. Mkarafuu huchukua miaka kadhaa kabla ya kuanza kuzaa, kwa hiyo bei ilipanda, na waliokuwa na miti Pemba, au waliowahi kupanda, ndio waliofaidika. Hata sasa karafuu nyingi ya Zanzibar hutoka kwetu. Sayyid Barghash, Sultani wa Zanzibar wakati huo, alipoteza meli zake karibu zote, na meli ya Glasgow aliyoiagiza Uingereza baadaye ilikuja kuziba pengo hilo. Upepo wa siku moja ulihamisha uchumi wa kisiwa kizima, na mzigo wa kupanda upya uliwaangukia watumwa, ambao hakuna aliyewauliza.

---

Seremala wa Lindi alijibu:

Kwanza sheria. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ufukweni. Mita zako 80 zinatosha kisheria, lakini bahari haihesabu mita za mlalo, huhesabu kimo. Tafuta mtu mwenye kipimo akuambie sakafu yako itakuwa juu kiasi gani kuliko maji ya bamvua. Kwetu tofauti ya maji kujaa na kupwa wakati wa bamvua hukaribia mita nne, kwa hiyo kimbunga kikifika maji yakiwa yamekupwa, ufuo wenyewe unakupa nafasi. Kikifika maji yamejaa, mita moja tu ya nyongeza inaingia sebuleni. Msingi uliochimbwa kwa kina kirefu hauna faida kama sakafu iko bondeni. Inua msingi, kisha ndipo tuzungumze paa.

Kuhusu paa, wengi hawajui kwamba upepo ukiongezeka mwendo mara mbili, nguvu yake huongezeka mara nne. Tena hauling'oi paa kwa kulisukuma, bali kwa kulinyanyua, hasa pale upenu ulipotoka sana. Nakushauri paa la migongo minne badala ya la migongo miwili, upenu mfupi, na baraza iwe na kipaa chake pekee, ili kikiondoka kisiondoke na nyumba. Kenchi zifungwe kwa nondo au bati la chuma lililoshikwa ndani ya lenta, kwa sababu misumari peke yake huchomoka. Kazi hii haina gharama kubwa ikifanywa wakati wa kujenga. Kwa hiyo mafundi wako wote wawili wana hoja, ila anayeanza na msingi ndiye ningemfuata.

Mikoko iliyo mbele ya kiwanja usimruhusu mtu aikate. Watafiti wameona kwamba mita 100 za mikoko hupunguza urefu wa mawimbi ya upepo kwa kati ya asilimia 13 na 66. Hata hivyo usidanganyike kwamba inazuia bahari iliyoinuka yote kwa pamoja, kwani kwa hilo unahitaji msitu wa kilomita, kama ule wa delta ya Rufiji.

---

Mkaazi wa Kilwa aliandika:

Nawashukuru sana, hasa kwa habari ya upande wa kusini na wa kaskazini, ambayo sikuwahi kuisikia. Baba yangu ana mashua na ngalawa mbili, na nyumbani tunategemea kisima. Siku ya tahadhari tuvifanyeje?

---

Seremala wa Lindi alijibu:

Mzee asiviache vyombo juu ya mchanga wala asivitie nanga mbele ya mji. Avipeleke ndani ya mkono wa bahari wenye mikoko pande zote mbili, avifunge kwenye mizizi kwa kamba ndefu zinazoruhusu maji kupanda, na ang'oe mashine aihifadhi nyumbani. Afanye hivyo siku moja kabla, kwa sababu upepo ukishaanza hakuna chombo kinachostahili kufuatwa. Kukitulia ghafla katikati ya dhoruba asitoke kwenda kuvitazama, maana huenda ni jicho la kimbunga, na upepo utarudi kutoka upande wa pili.

Kisima kifunikwe, na mjaze maji safi ya siku kadhaa kwenye madumu. Maji ya bahari yakiingia humo, msikimbilie kukitoa maji yote kwa pampu, kwa sababu kukivuta kwa nguvu huyaita maji ya chumvi kutoka ardhini na kunaweza kuziangusha kuta zake. Tumieni maji ya mvua ya kwenye tangi hadi masika yenyewe yakisafishe, na hata hapo ya kunywa yachemsheni.