Jiwe limerushwa toka ghorofani, mbona spidi ya kuanzia inanigomea?

Kiazi_Kitamu: Wakuu kwema? Niko fom faivu PCM (fizikia, kemia, hesabu), tesiti ni keshokutwa na hii projektaili inanitoa jasho. Swali: jiwe linarushwa toka juu ya ghorofa la mita 20, engo nyuzi 30 juu ya mlalo, linatua chini mita 40 toka ukutani. Tafuta spidi ya kuanzia, g (mchapuko wa graviti) ni 10. Mimi nikachukua fomula ya renji (umbali wa mlalo), u² sin2θ gawanya kwa g, u ni spidi ya kuanzia na θ ni ile engo, nikaweka 40, nikapata 21.5 m/s. Jibu la kwenye kitini ni 15.7. Jana nimerudia mpaka umeme ukakatika nikaendelea na tochi ya simu, ni 21.5 ile ile. Kitini kimekosea au?

Babu_Mkorofi: Kitini kiko sawa, wewe ndo umechemka 😂

Fundi_Namba: Dogo achana na huyo. Fomula ya renji inafanya kazi pale tu jiwe linapotua usawa ule ule lilikorushiwa, kama mpira unaupiga uwanjani na unadondoka uwanjani. Lako limeanzia mita 20 juu, kwahiyo ile fomula weka pembeni.

Mi huwa nafanya hivi. Jifanye mvutano wa dunia haupo, jiwe lingenyooka tu mshazari kwa nyuzi 30, likifika mita 40 mbele lingekuwa limepanda 40 × tan30, yani mita 23.09 juu ya paa. Ila ukweli lipo chini, mita 20 chini ya paa. Sasa graviti imelishusha kiasi gani toka kwenye ule mstari? Hicho kiasi ndo ½gt², yani 5t², t ni muda wa jiwe kuwa hewani. Ukishapata t rudi kwenye mlalo, 40 = u cos30 × t, kwisha habari.

Kiazi_Kitamu: Asante mkuu, ila nimetoa 23.09 − 20 nikapata 3.09, t ikawa 0.786, u imekuja 58.8. Ndo imezidi kuharibika 😭

Fundi_Namba: Hapo umeliacha jiwe juu ya paa lol. Toka mita 23.09 juu mpaka mita 20 chini unajumlisha, 43.09. Halafu kabla hujaandika jibu liangalie usoni kwanza, 58.8 m/s ni zaidi ya km 210 kwa saa, nani ana mkono huo? Na hiyo sekunde 0.786, hata ungeliachia tu jiwe lidondoke lenyewe mita 20 lingetumia sekunde 2, sembuse ulilolirusha kwenda juu.

Mama_Kalkuleta: Samahani kudandia uzi, mi nikibonyeza hili swali kalkuleta inaniletea Math ERROR, nimenunua mpya juzi tu

Babu_Mkorofi: Angalia juu ya kioo kuna kiherufi D au R. Ikiwa R ipo kwenye radiani (kipimo kingine cha engo, siyo nyuzi), tan30 inakupa hasi 6.4, ukifika kwenye kipeuo unatafuta kipeuo cha namba hasi, lazima igome. Irudishe kwenye digrii. (Na mimi nina faida humu jamani.)

Mama_Kalkuleta: Ilikuwa R!! Kumbe nilitaka kuirudisha dukani

Kiazi_Kitamu: Wakuu IMEKUBALI. 5t² = 43.09, t = 2.94, u = 40 ÷ (0.866 × 2.94) = 15.7. Nimejaribu na kipengele b, jiwe limerushwa mlalo kabisa toka hapo hapo likatua mita 40 vilevile, nimepata sekunde 2 na 20 m/s. Sawa?

Fundi_Namba: Sawa kabisa. Zima tochi ulale.