Mgonjwa alishapona TB zamani, kwenye kodi za ICD namwandikaje?

MtuWaMafaili:
Habari za jioni wadau, naombeni msaada kwa wale mnaofanya kodi za magonjwa (zile namba za ICD, orodha ya kimataifa ya kuainisha magonjwa). Nipo kitengo cha kumbukumbu hapa Mwanza, na kituo chetu kinapokea sana watu wa visiwani na wa mialoni. Leo nina faili la mzee mmoja mvuvi amekuja kufanyiwa upasuaji wa ngiri, sasa kwenye historia daktari kaandika TB ya mapafu 2016 alimaliza dawa, kichocho alishatibiwa, malaria za mara kwa mara, na homa ya ini "alishawahi kuambiwa anayo". Ngiri yenyewe haina shida, K40.9 imekaa, ila hayo mengine ndo yamenikwamisha. Nimetafuta mtandaoni nikapata Z86.11 ya TB na Z86.13 ya malaria, naingiza kwenye mfumo unakataa. Mwenzangu wa zamu anasema weka tu A16.2 si ni TB ileile, ila mimi roho inasita maana mzee hana TB saivi, hakohoi, hatumii dawa. Na fomu za bima zikirudi tunaoulizwa ni sisi. Mnafanyaje huko kwenu?

Nyakato_Koda:
Pole na kazi ndugu. Kwanza hiyo A16.2 usiiguse kabisa. Kuanzia A15 mpaka A19 ni TB iliyopo leo, ukimwekea mzee wa watu aliyepona toka 2016 ripoti ya mwezi inamhesabu kwamba mna mgonjwa wa TB, mratibu wa kifua kikuu wa wilaya akija kulinganisha na rejista yake hamuoni, hapo ndo mnaanza kutafutana. Na faili lake nalo linabaki na TB ambayo hana, akienda kituo kingine wanaanza kumuuliza dawa anachukulia wapi.

Sababu ya mfumo kukataa ni kwamba hizo Z86.11 na Z86.13 ulizozikuta ni za Wamarekani, wao wana toleo lao linaitwa ICD-10-CM wameongeza tarakimu mwishoni, mtandao umejaa za kwao maana ndo wanaandika sana. Sisi tunatumia ICD-10 ya WHO na huko inaishia Z86.1 basi, hiyo hiyo moja inabeba TB iliyopona, malaria iliyopona, kipindupindu, yaani magonjwa yote ya A00 mpaka B89 pamoja na B99. Kwahiyo kwa mzee wako K40.9 inatangulia kwa sababu ndiyo iliyomleta, Z86.1 inafuata chini yake, alafu kwenye maelezo unaandika kwa maneno "TB ya mapafu 2016, alimaliza dawa" ili anayesoma ajue ni ugonjwa gani maana kodi peke yake haisemi.

Malaria mimi nisingeiweka. Mtu kakulia ufukweni huku malaria kaugua toka utotoni, ukianza kumwekea kila mtu utajaza fomu mpaka usiku na haibadilishi chochote kwenye matibabu ya leo.

Tabibu_wa_Visiwani:
Naunga mkono hapo juu ila niongeze upande wetu wa kliniki. Historia ya TB inatusaidia sana msiiache. Mtu aliyewahi kutibiwa TB akija na kikohozi tukampima makohozi kwa GeneXpert, mashine inaweza kusoma vinasaba vya vimelea vilivyokwisha kufa ikatoa jibu kwamba anayo, sasa kama faili halisemi alishatibiwa unaweza kumrudisha kwenye dawa za miezi sita bila sababu.

Jambo lingine, kuna aliyepona kabisa na kuna aliyepona akabakiwa na kovu. Huyu wa pili hafai Z86.1. Tuseme mtu TB imeisha lakini mirija ya hewa imetanuka na kuharibika, anakohoa makohozi mengi kila asubuhi, hapo kodi kubwa ni ya tatizo alilonalo sasa yaani J47, alafu unaongeza B90.9 kuonyesha kwamba chanzo ni TB ya zamani. B90 mpaka B94 zote kazi yake ndo hiyo, B91 ni polio, B92 ni ukoma. Ila daktari awe ameandika kwamba hilo tatizo limetokana na ule ugonjwa, koda usijiunganishie mwenyewe.

Hiyo homa ya ini ya "alishawahi kuambiwa" mrudishie daktari faili. Homa ya ini B (hepatitisi B) ikishakaa zaidi ya miezi sita ni ya kudumu, ni B18.1, na anaingia chumba cha upasuaji kesho kutwa. Apimwe HBsAg kwanza, kile kipimo cha damu cha homa ya ini B.

Igombe_Lab:
Kwenye kichocho mimi nasita kidogo kuweka Z86.1 kirahisi. Huyu ni mvuvi, anaingia majini kila siku, praziquantel, dawa ya kichocho, inaua minyoo iliyopo lakini haimzuii kuambukizwa tena. "Alishatibiwa" ya mwaka juzi haina maana leo hana. Huku ziwani kichocho chetu kikubwa ni kile cha tumbo, mayai yakionekana kwenye choo inakuwa B65.1 na anatibiwa. Yasipoonekana na daktari akaridhika ndo uongelee historia. Na wapo wale wanaokuja wanatapika damu kwa sababu ini limekakamaa na presha ya mshipa wa ini imepanda, hao ukikuta minyoo bado ipo usiwaandikie madhara ya zamani, ni ugonjwa uliopo.

Nyakato_Koda:
Kweli kaka, hapo nakubali, kipimo cha choo kitangulie.

MtuWaMafaili:
Asanteni sana, nimeshamuandikia daktari kikaratasi kuhusu ini na choo. Swali la mwisho, nina faili la mama yupo CTC (kliniki ya VVU) anameza ARV vizuri, virusi havionekani kwenye kipimo, na aliumwa Korona 2021. Zote mbili Z86.1?

Tabibu_wa_Visiwani:
Hapana, VVU haiingii kwenye historia hata virusi visipoonekana, maambukizi bado yapo. Kama hajawahi kupata dalili wala ugonjwa wowote unaotokana na VVU ni Z21, kama amewahi kupata unachagua ndani ya B20 mpaka B24 kulingana na alivyoandika daktari, na akishaingia huko harudishwi Z21 kwa sababu tu anaendelea vizuri. Korona WHO waliitengea ya kwake, aliyepona ni U08.9, na kama bado ana shida zilizobaki baada ya Korona ni U09.9. Angalia kama mfumo wenu umeshawekewa hizo U, kama hazimo waambie watu wa IT wazipakie.