Naomba ushauri: muswada wa vinasaba vya mtama, bioRxiv (hifadhi ya mtandaoni ya nakala za awali za makala za biolojia) kwanza au jarida moja kwa moja?

Wakuu, habari za Dodoma. Muswada wa vinasaba vya mtama wa huku kwetu uko tayari, ila jarida linalolengwa huchukua miezi kupata wahakiki tu, achilia mbali marekebisho. bioRxiv hupandisha nakala ndani ya siku chache, bila uhakiki wa kina. Shida ni kwamba ikishapanda haifutwi, hata ukiiondoa rasmi alama inabaki.

Kuna na suala la data: sikwensi (mfuatano wa DNA) zimewekwa GenBank, hifadhidata ya umma, kwa kizuizi cha kutoonekana hadi tarehe fulani, lakini namba zake za utambulisho zikichapishwa, kizuizi huondolewa hata kama tarehe haijafika. Na wenye maabara kubwa wakishaziona, ndio basi tena!

Je, nitangulize nakala ya bioRxiv? Na waandishi wenza wote wakubali kwa maandishi, au barua pepe inatosha?