Naombeni ushauri: wapagazi wangu wanakula nini?

Kalamu wa Arua
Salamu wakuu. Ninaandika hadithi ya dunia ya kubuni, niko sura ya kumi na moja. Huko kuna Njia ya Chumvi, ya kale kuliko wafalme wote wanaotajwa. Inaanzia Ngaza, bahari iliyokauka, inakata nyika ya Mbelemle, inaishia Serema, mji wenye kuta tatu. Siku 90 kwa miguu. Punda hawapo, mbung'o wamewamaliza. Wapagazi ni 300, kila mmoja na bonge la chumvi la kilo 30 kichwani.

Juzi nilimsomea mdogo wangu sura ya kwanza jikoni, yeye anasonga posho, yaani ugali. Nilipofika pale wanapoondoka alfajiri wakiimba, akasimamisha mwiko: "Hawa watu wanakula nini?" Nikamwambia wamebeba akiba. Alicheka mpaka posho ikashika chini. Usiku nikapiga hesabu. Kibaba kimoja cha nafaka kwa siku, tuseme gramu 700, mara siku 90, ni kilo 63. Chakula kinazidi chumvi maradufu! Na ramani nimeshaichora kwa wino. Nifanyeje?

Jogoo la Jinja
Si ni dunia ya kubuni? Weka joka libebe mzigo.

Kalamu wa Arua
Na joka litakula nini?

Jogoo la Jinja
Wapagazi. 300 wanatosha.

Mzee wa Bombo
Mdogo wako ana akili kukushinda, na jibu alikuwa analisonga mwenyewe. Hiyo posho mnayokula na maharage, neno lake ni la misafara: ulikuwa mgao wa mpagazi wa kila siku. Hakutoka nao nyumbani. Alipewa njiani, au alipewa ushanga na kitambaa akanunulie kijijini. Kwa hiyo usiniambie njia inapita nyika, niambie inapita kwa nani.

Angalia wafanyabiashara wa pwani walivyofika Buganda. Ahmed bin Ibrahim anatajwa kufika kwa Kabaka (mfalme) Suuna mwaka 1844. Hakukata moja kwa moja kutoka Mombasa, ingawa kwenye ramani huko ndiko karibu. Misafara ilizunguka kusini: Tabora, halafu Karagwe, ndipo ikapanda magharibi ya Ziwa Victoria. Kule kulikuwa na wenyeji wa kuwapokea na chakula cha kununua. Kila mtawala alidai hongo, yaani ushuru wa kupita, na ushanga ulikuwa na mitindo: rangi inayopendwa hapa, mbele wanakurudishia. Na kufika si kuondoka. Speke, mpelelezi Mwingereza, aliingia kwa Kabaka Mutesa Februari 1862, akaruhusiwa kwenda zake Julai. Sasa wewe wapagazi wako wanafika Serema, wanatua mzigo, wanageuza. Mfalme gani huyo asiyezuia wageni?

Nyakato wa Hoima
Mimi shida yangu ni chumvi yenyewe. Kaka, umewahi kufika Kibiro, kule chini ya bonde kando ya Ziwa Albert? Wanawake wanatandaza udongo mkavu juu ya ardhi yenye unyevu wa chumvi, jua linavuta chumvi ipande kwenye udongo, wanaukwangua, wanauchuja kwa maji, yale maji wanayachemsha mpaka ibaki chumvi. Udongo uleule unarudi kutandazwa tena. Vile viwanja mama anamrithisha binti. Mvua ikinyesha kazi imelala.

Na pale hapalimiki, ni pakavu. Chumvi inapanda mlima, chakula kinashuka. Hiyo ndiyo njia ya chumvi: mwendo wa kwenda sokoni na kurudi na mihogo. Anayenunua sokoni anaipeleka soko la pili, wa pili anaipeleka la tatu. Mtu mmoja kutembea nayo siku 90 ya nini? Mzigo wa safari ndefu uwe mwepesi ukilinganisha na bei yake, kama pembe za ndovu. Halafu hadithi nzima ya chumvi sijaona mwanamke hata mmoja.

Dereva Mzee
Mimi si msomi, naendesha lori Mombasa–Kampala. Barabara sikumbuki, ni lami tu. Nakumbuka nilipolala. Nakumbuka mama anayetuuzia chai Malaba mpakani, anajua taniboi wangu hatumii sukari, na anajua nani ana deni tangu mwezi jana. Siku tatu kwenye foleni, maisha yote yako pale: watu wanafua, wanacheza karata, wanagombana, wengine wameoa palepale. Msafara wako unatembea tu. Usimamishe. Mahali pa kusubiri ndipo pana hadithi.

Kalamu wa Arua
Wakuu, mmenivunjia dunia na nawashukuru. Ramani nimeigeuza nyuma, nimeanza upya. Njia sasa ina masoko manne, hakuna anayeijua yote isipokuwa kirangozi (kiongozi wa msafara) mmoja mzee, na yeye anadanganya. Chumvi inaishia soko la pili. Sura ya kwanza inafunguka hivi:

"Tunu alilamba kidole, akatema. Udongo wa mama yake ulikuwa umeshika mvua. Juu ya mlima watu wa mtama walikuwa wameshawasha moto, wanasubiri, na wao hawakuwahi kusubiri zaidi ya siku mbili."

Nyakato wa Hoima
Huyo Tunu nimemkubali. Ila asiteme. Mwenye kiwanja hatemi chumvi yake.

Mzee wa Bombo
Na hao watu wa mtama, wanamlipa hongo nani?

Kalamu wa Arua
Bado nafikiria, mzee.

Dereva Mzee
Sura ya pili ikitoka niambie. Niko Malaba, foleni haijasogea.